Daftari la Kurasa 96

Mama alilinunua daftari kwa mchuuzi wa kando ya barabara, siku ileile aliyopewa majibu. Aliyempa majibu alikuwa amesimama naye kwenye ujia wa hospitali, watu wakipita na machela, na yote yalikwisha kwa dakika tatu hivi. Tulipotoka nje akasimama mbele ya yule mchuuzi, akachagua daftari la kurasa 96, la aina ambayo watoto wa shule huandikia insha, akalipa. Nilidhani anamnunulia mjukuu. Ndani ya matatu ya kurudi Kangemi akalitoa, akaandika tarehe, chini yake akaandika jina la dada yangu mdogo, kisha akalifunga. Hakuongeza neno hadi wiki iliyofuata.

Tangu wakati huo kazi yangu ya uhariri imenikutanisha na watu kadhaa waliotaka kuandika kumbukumbu zao wakiwa wanaugua saratani. Wengine tumekutana katikati ya jiji, wengine nimewafuata nyumbani Kawangware, Uthiru na Lavington. Wote huniuliza swali moja: nianzie wapi? Mama alikuwa amelijibu katika ile matatu. Alianza na jina la mtu atakayesoma.

Ninayoyaandika hapa ni kwa ajili yako uliyepewa majibu kama yale, na kwa ajili yako unayemwuguza mtu wako. Hauko peke yako, ingawa usiku unakudanganya hivyo. Kwa makadirio ya kimataifa ya mwaka 2022, Wakenya takriban 44,700 walipatikana na saratani mwaka huo, na zaidi ya 29,000 walifariki kwa ugonjwa huo. Ukihesabu na wanaowauguza, huo ni mji mzima. Hata hivyo ukitafuta maneno ya wagonjwa wenyewe, yale waliyoyasema bila kulazimishwa, utapata machache mno.

Sababu moja ninaijua. Nairobi humpa mgonjwa hadithi mbili tu za kusimulia. Ya kwanza ni ya mchango: kundi la WhatsApp linafunguliwa, picha inawekwa, nambari ya kutumia pesa inafuata, na hadithi lazima isikitishe kiasi cha kumfanya mtu afungue pochi. Ya pili ni ushuhuda wa kanisani, na huo ni lazima uishie kwenye uponyaji. Sizibezi hadithi hizo. Mchango ndio uliomlipia Mama nusu ya matibabu, na ushuhuda wa jirani ulimpa nguvu ya kurudi kwenye mzunguko wa tatu wa dawa. Lakini mgonjwa ana mengine mengi yasiyoingia huko. Kwamba leo amemchukia mumewe kwa sababu ya harufu ya kitunguu. Kwamba anaogopa kufa na wakati huohuo amechoka kuishi hivi. Kwamba jana alicheka hadi akalia. Hayo hayana pa kukaa, na mtu akishazikwa tangazo la gazeti linayafunika yote kwa maneno manne: kuugua kwa muda mrefu.

Kumbukumbu ni hadithi ya tatu. Haiombi pesa wala haidai muujiza.

Najua pingamizi litakalokuja kwanza, kwa sababu nililisikia nyumbani kwetu. Shangazi alipoliona lile daftari alimwambia Mama, "Unajitabiria." Watu wengi huogopa kwamba kuandika ni kuita kifo, kwamba mwenye imani haandiki wosia. Kwa hao huwa namtaja Mwana Kupona binti Mshamu, mjane wa Bwana Mataka wa Siu. Mwaka 1858, huko pwani ya kaskazini, akiwa mgonjwa, alimtungia binti yake Mwana Hashima utenzi ambao Waswahili hawajauacha hadi leo. Anamwita bintiye asogee karibu na wino na karatasi, anamweleza kwamba maradhi yamemshika mwaka mzima, kisha anampa mawaidha ya dini, ya nyumba na ya kuishi na watu. Alifariki miaka miwili hivi baadaye. Si kila ushauri wake kuhusu mume na mke utakubalika na binti wa leo, na sidhani ni lazima ukubalike. Tazama kitu kingine: sehemu kubwa ya mwisho wa utenzi huo ni dua, na ndani ya dua hiyo Mwana Kupona anaomba apone. Yule yule anayetoa wosia anaomba uzima. Hakuona kwamba moja linaliua la pili.

Tazama pia anayezungumziwa. Hakuanza na Lamu nzima, wala na sisi. Alianza na msichana mmoja, binti yake, na kwa kuwa alisema na mmoja ndipo tukasikia wote.

Kwa hiyo chagua mtu mmoja. Mtoto, mwenzi wako, dada, rafiki mliyesoma naye, hata muuguzi. Andika jina lake juu ya ukurasa. Ukimwandikia "msomaji" utaanza kuhubiri, na kalamu itakuwa nzito. Ukimwandikia Wanjiru au Otieno utajua mara moja ni nini anachokijua tayari, ni nini umemficha, na ni wapi atakatisha kusoma ili ajipanguse macho. Tumia lugha mnayozungumza nyumbani. Nimesoma kurasa za Kiingereza za watu ambao Kiingereza chao ni cha ofisini tu, na kila sentensi imevaa tai. Mtu huyohuyo akianza kunisimulia kwa mdomo, chumba kinajaa.

Kama kuandika ni taabu, usiandike. Sema. Simu uliyonayo ina kinasa sauti. Iweke kifuani, zungumza dakika 10, zima. Chagua saa ambayo watoto wako shuleni na jirani hajawasha redio. Kila rekodi ipe tarehe na jina, na siku hiyohiyo mtumie mtu mmoja nakala, kwa kuwa simu za Nairobi huibwa na simu za wagonjwa hupotea hospitalini. Mwachie mtu huyo pia nenosiri la simu. Familia moja ninayoijua ina saa kadhaa za sauti ya baba yao ndani ya simu ambayo hakuna anayeweza kuifungua. Huwa wanaichaji.

Kuhusu wakati. Kemo hutolewa kwa mizunguko, mingi ikiwa ya wiki 2 au 3. Siku chache za mwanzo baada ya dawa mwili huwa hauna mwenyewe: kichefuchefu, mdomo wenye ladha ya chuma, akili yenye ukungu. Usijidai kuandika siku hizo; andika neno moja na tarehe, basi. Siku nzuri huwa zile za kuelekea mzunguko unaofuata, na baada ya miezi miwili utakuwa umeujua mwendo wako mwenyewe. Kuna jambo ambalo Mama hakuambiwa: katika dawa zinazotolewa pamoja na kemo ili kuzuia kutapika mara nyingi mna deksamethasoni, na hiyo humnyima mtu usingizi. Saa 8 za usiku atajikuta macho makavu, mawazo yakikimbia, akiamini amepata ufunguo wa maisha yake yote. Andika ukitaka. Lakini usimtumie mtu yeyote ulichoandika usiku ule hadi kupambazuke na ukisome tena.

Na maumivu yakikuzidi, weka kalamu chini utafute dawa. Hakuna ukurasa ulioboreshwa na maumivu. Bado wako wagonjwa wanaokataa mofini kwa kuogopa kwamba mtu akipewa mofini ameshahesabiwa, na wako ndugu wanaowakatalia kwa niaba yao. Mofini ya maji, ikipimwa vizuri na wanaoijua kazi hiyo, humrudishia mtu akili yake ili aweze kula, kulala na kuzungumza. Nairobi Hospice, iliyofunguliwa mwaka 1990 kwenye uwanja wa Hospitali ya Kitaifa ya Kenyatta (KNH), ndiyo iliyotangulia nchini kwa kazi hii ya tiba shufaa. Daktari wake wa mwanzo, Anne Merriman, alitoka hapo akaenda kuanzisha Hospice Africa Uganda mwaka 1993. Usisubiri siku za mwisho ndipo uende kwa watu hawa. Wanaokwenda mapema hupata na mtu wa kuzungumza naye kuhusu hofu, na mtu aliyekwisha kuitaja hofu yake kwa sauti huandika vizuri zaidi. Parklands pia kuna Faraja Cancer Support Trust, iliyoanza mwaka 2010, ambako mgonjwa hukaa na wenzake bila kuulizwa ana bima gani.

Sasa nije kwenye yale ya kuandika, na hapa nitakaa kidogo.

Wengi huanza na historia ya ugonjwa: uvimbe ulionekana lini, nani alikosea kuupima, picha ya skani ilisema nini. Hayo yaandike kwa kurasa mbili kisha uyaache. Faili la hospitali litayabeba. Kitu ambacho hakimo katika faili lolote ni wewe Jumanne asubuhi. Andika ulivyopanda matatu ya KNH ukiwa umefunga kitambaa, kondakta akakupisha kiti cha mbele bila kuuliza. Andika benchi la kungojea mionzi, nani alikuwa amekaa kulia kwako, alikuwa amebeba nini ndani ya kopo. Andika mapishi ambayo hujawahi kumfundisha mtu. Andika nyumba mlizohamahama, kodi ilikuwa shilingi ngapi, kwa nini mlihama. Andika unaowadai na wanaokudai. Mama alikuwa na ukurasa mzima wa madeni, na sikuelewa wakati ule kwa nini aliuweka katikati ya mambo ya roho.

Andika pia hasira. Katika vitabu vya wagonjwa vilivyo hai, hasira haijafichwa. Audre Lorde, mshairi Mmarekani mweusi aliyekatwa titi, alichapisha The Cancer Journals mwaka 1980, na moja ya mambo aliyoyakataa ni kushinikizwa avae titi la bandia ili wengine wasione haya. Kukataa kwake ndiko kulikofanya kitabu. Hapa kwetu mgonjwa hufundishwa kuwa mpole, kushukuru kila mtu, kusema "niko sawa tu" kwa kila anayebisha hodi na paketi ya maziwa. Daftari lipe ruhusa ambayo wageni hawakupi.

Lakini hasira ni yako, na siri za wengine si zako. Ugonjwa humfanya mtu atake kusafisha kila kitu, na katika kusafisha huko anaweza kutaja baba halisi wa mtoto wa ndugu yake, au hali ya afya ya mume aliye hai, au kosa la ujana la mtu ambaye leo ni mzee wa kanisa. Kabla hujaiandika siri, jiulize itamfikia nani wakati wewe hupo kuielezea. Kama mwenyewe yu hai, mwulize. Kama huwezi kumwuliza, hilo pekee limekwisha kukujibu.

Mama aliandika kurasa mbili kuhusu mjomba na shamba. Alipomaliza alinipa nisome, kisha akanitazama usoni nilipokuwa nasoma. Sikusema kitu. Akaniomba sindano na uzi, akazishona zile kurasa mbili pamoja, pande zote tatu, mishono midogo ya mtu aliyewahi kushona sare za shule. Hakuzichana. Alitaka ijulikane kwamba kulikuwa na maneno hapo, na kwamba aliyaweka kando kwa hiari yake. Uzi ni wa buluu. Hakuna aliyeukata hadi leo.

Jambo la sheria, na tafadhali lisome mara mbili: daftari si wosia wa mali. Nimeona ndugu wakivutana kwa sababu ya sentensi moja kwenye kumbukumbu za marehemu, "nyumba ya Uthiru namwachia mdogo." Kwa Sheria ya Urithi ya Kenya, wosia ulioandikwa unahitaji sahihi yako na mashahidi wasiopungua wawili, na shahidi akiwa ndiye pia anayeachiwa kitu, zawadi yake inaweza kubatilika. Wosia wa mdomo unakubalika ukisemwa mbele ya mashahidi wawili au zaidi, lakini hupoteza nguvu kama miezi 3 itapita na msemaji bado yu hai. Waislamu hufuata mgawanyo wa sheria yao. Mtafute wakili ungali na nguvu ya kukaa kitini. Mali iwe katika karatasi yake, na daftari libaki na kazi yake.

Yako mambo ambayo daftari lenyewe huyasema vizuri: mazishi, kwa mfano. Wangari Maathai, aliyefariki Nairobi tarehe 25 Septemba 2011 kwa saratani ya ovari, aliuweka ugonjwa wake faraghani, na tawasifu yake, Unbowed, ilikuwa imetoka mwaka 2006. Lakini alikuwa amewaambia watu wake kwamba asizikwe kwa jeneza la mbao, yeye aliyeishi kwa ajili ya miti. Likatengenezwa la mianzi, mafunjo na magugu maji, mwili ukachomwa Kariokor, na majivu yake yako Kabete, kwenye taasisi ya Chuo Kikuu cha Nairobi iliyopewa jina lake. Sentensi ile moja aliyoiacha ilisema mengi juu yake kuliko hotuba nyingi. Yako inaweza kuwa ndogo zaidi: wimbo gani, nguo gani, nani asipewe kipaza sauti.

Si lazima useme yote hadharani. Julai 2019 jiji hili liliwapoteza watu mashuhuri mfululizo kwa saratani. Bob Collymore wa Safaricom alifariki tarehe 1, Ken Okoth, mbunge wa Kibra, tarehe 26, na gavana Joyce Laboso wa Bomet tarehe 29. Collymore na Okoth walikuwa wamejitokeza mbele ya kamera wakautaja ugonjwa wao kwa jina, na Okoth, mwenye miaka 41, alisema wazi kwamba wake ulikuwa umefika hatua ya nne. Nakumbuka nikisikia watu ndani ya matatu wakilitamka neno kansa bila kushusha sauti. Walilofanya lilikuwa jema. Aliyechagua kimya naye ana haki yake, na usimruhusu mtu akwambie kwamba ujasiri una sura moja.

Iko pia njia ya riwaya, kwa asiyeweza kusema "mimi". Margaret Ogola, daktari wa watoto aliyetuandikia The River and the Source, alichapisha Place of Destiny mwaka 2005, riwaya ya mwanamke anayekufa kwa saratani huku akizungumza na watu wake. Mwaka 2011, siku 4 kabla ya Maathai, saratani ikamchukua mwandishi mwenyewe, akiwa na miaka 53. Huwa nakipendekeza kitabu hicho kwa wanaouguza kuliko kwa wagonjwa. Na kwa jumla, usimpelekee mgonjwa kitabu cha mtu aliyekufa bila yeye kukiomba. Mpelekee uji, kaa naye, na akisema angependa kujua wengine waliyabebaje, hapo ndipo umtafutie.

Kama wewe ndiye mwuguzaji na umeombwa uwe mwandishi, kazi yako ni kuandika alichosema. Usimrekebishie sarufi, usiongeze neno la Mungu asipolitaja, usifute tusi. Akinyamaza, nyamaza. Mimi nilikosea hapo. Mama alipoanza kusema juu ya usiku aliotamani kufa, nilimkatiza kwa kumtia moyo, na hakuirudia habari ile tena. Nimeitafuta ndani ya daftari. Haimo.

Usiogope kutomaliza. Paul Kalanithi, daktari wa upasuaji wa ubongo huko Marekani, alifariki Machi 2015 akiwa hajakamilisha When Breath Becomes Air; mkewe Lucy ndiye aliyeandika sehemu ya mwisho, na kitabu kikatoka mwaka 2016. Mteue mapema atakayefunga: mwambie kwa mdomo, na uandike jina lake ndani ya jalada. Kama mtataka kukichapisha, nambari ya ISBN hutolewa na Huduma ya Maktaba ya Kitaifa, na hakimiliki ya maandishi hubaki kwa warithi miaka 50 baada ya mwandishi kufa, kwa hiyo hakuna haja ya kukimbilia mkataba wa kwanza unaoletewa kitandani. Nuria, pale Moi Avenue, huuza vitabu vya waandishi waliojichapishia wenyewe. Hata hivyo familia nyingi zinahitaji nakala 20 tu, na hizo mpiga chapa mdogo wa mitaa ya River Road atakutengenezea.

Sisi hatukuchapisha. Wiki mbili baada ya mazishi dada yangu alilifungua daftari lenye jina lake, akasoma siku nzima mlango ukiwa umefungwa. Jioni akaja kwangu na ule ukurasa wa madeni. Deni la tatu lilikuwa la muuza mboga wa soko la Kangemi: shilingi 150, sukuma na nyanya, siku ya mvua. Kesho yake tulikwenda sokoni. Yule mama hakulikumbuka deni, alikataa pesa, kisha akauliza kama ni kweli jina lake limeandikwa. Dada akamwonyesha. Akapangusa mikono kwenye leso, akalishika daftari, akaanza kusoma kwa sauti ya chini tangu juu ya ukurasa, madeni ya watu wengine wote, mpaka akafika kwake. Mteja alikuwa amesimama na noti mkononi. Akamwambia asubiri.